Madhara ya Kupuuza Amri za Mahakama katika Mashauri ya Madai: Mtazamo kutoka Mbeya na Iringa

Utangulizi

Katika mikoa ya Mbeya na Iringa, ambako wengi huishi kwa mahindi, mpunga, chai na mbao, amri ya mahakama katika mgogoro wa shamba huweza kuamua nani atalima msimu huu kabla haijajulikana nani ni mmiliki halali. Makala hii inafafanua yanayompata mdaawa anayepuuza amri hiyo. Hoja kuu ni kwamba mdaawa huyo huweza kupoteza haki ambayo ushahidi ungempa.

Amri za mwenendo wa shauri

Mahakama huweza kuamuru shauri lisikilizwe kwa mawasilisho ya maandishi na kupangia kila upande tarehe. Asiyewasilisha kwa wakati huhesabiwa sawa na aliyeitwa asifike. Msimamo huo ulielezwa na Mahakama ya Rufani katika Shirika la Bima la Taifa na mwenzake dhidi ya Shengena Limited, Maombi ya Madai Na. 20 ya 2007. Kwa mrufani, matokeo huwa rufaa kufutwa. Kwa mjibu rufaa, kuamuliwa bila kusikilizwa.

Wapo wanaotegemea ibara ya 107A(2)(e) ya Katiba, inayotaka haki itendeke bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi, pamoja na kanuni ya lengo kuu iliyoingizwa katika Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, mwaka 2018. Hata hivyo, katika shauri la Baraza la Kijiji cha Mondorosi dhidi ya Tanzania Breweries Limited, Mahakama ya Rufani ilikataa kanuni hiyo itumike kukwepa masharti ya lazima.

Amri za zuio

Chini ya Amri ya XXXVII ya Sheria hiyo, anayekiuka zuio la muda huweza kukamatiwa mali na kuwekwa gerezani kama mfungwa wa madai kwa muda usiozidi miezi 6. Aidha, kifungu cha 124 cha Kanuni ya Adhabu hulifanya kosa la jinai tendo la kukaidi amri halali.

Zuio lenyewe halidumu zaidi ya miezi 6, ingawa huweza kuongezwa hadi jumla ya mwaka 1. Katika Nyanda za Juu Kusini jambo hili lina uzito wake. Zuio lililotolewa Novemba, mvua za kupandia zinapoanza, huweza kukoma Mei, kabla mahindi hayajavunwa. Aliyepanda kwa kukaidi amri hujibu kwa ukaidi huo. Lakini aliyeombewa ulinzi naye hubaki bila zuio wakati wa mavuno asipoomba liongezwe mapema.

Amri yenye kasoro

Mdaawa hana mamlaka ya kujiamulia kwamba amri ni batili. Shauri la Uingereza la Hadkinson dhidi ya Hadkinson la mwaka 1952 lilieleza kwamba amri hutiiwa hadi itakapotenguliwa, hata na anayeamini kuwa ina kasoro.

Hitimisho

Asiyeweza kutimiza amri aombe kuongezewa muda kabla tarehe haijapita. Asiyeridhika aombe itenguliwe, au akate rufaa pale sheria inaporuhusu. Akinyamaza, shamba lake huweza kwenda kwa mwingine na ushahidi wake usisomwe kamwe.