Manukato Mazito Hupimwa kwa Kinachobaki

Mwanamume anayenunua toleo zito la manukato aliyoyazoea hutarajia harufu ileile, ila yenye nguvu zaidi. Muuzaji naye humhakikishia hivyo, na wote wawili huwa wamekosea. Matoleo yanayoandikwa Intense, Parfum au Elixir kwenye chupa za nyumba kubwa za mitindo mara nyingi ni mchanganyiko mpya uliojengwa juu ya msingi mwingine kabisa. Anayeyapima kwa ukali wa dakika ya kwanza anapima sehemu ambayo mtengenezaji mwenyewe aliipunguza. Yapimwe kwa kinachobaki mwilini saa nne au tano baadaye, jua likiwa utosini. Kwa kipimo hicho, Oldonyiro inafaa kuliko duka lenye kiyoyozi la Nairobi. Mji huu uko magharibi mwa Kaunti ya Isiolo, karibu na mipaka ya Samburu na Laikipia. Joto lake ni kali, hewa yake ni kavu, na siku ya mnada wa mifugo vumbi na jasho havimwachi mtu na marashi ya mzaha. Tena nyika ya kaunti hii ina miti ya jamii ileile ambayo utomvu wake umebeba baadhi ya manukato mazito yanayosifiwa zaidi duniani.

Chupa yoyote ya manukato ina spiriti, maji kidogo na mafuta ya harufu. Kwa desturi ya biashara, eau de toilette huwa na mafuta ya harufu kati ya asilimia 5 na 15, eau de parfum kati ya 15 na 20, na parfum hupanda zaidi ya hapo. Ni desturi tu. Viwango hivyo havina sheria inayovilinda, na neno Intense halifungwi na kipimo chochote. Hata asilimia hizo zingekuwa za kuaminika, zisingetosha, kwa maana mafuta ya harufu hayaruki kwa kasi moja. Limonini iliyomo kwenye maganda ya ndimu na bergamoti hupaa ndani ya dakika chache. Majani kama rozmeri na jeraniamu hukaa saa moja, pengine mbili. Mbao, pachuli na utomvu wa miti ndivyo vinavyolala na mtu. Mtengenezaji akizidisha bergamoti maradufu atapata mwanzo mkali zaidi, kisha kimya kilekile. Akitaka harufu idumu, hana budi kugeuza uwiano: apunguze vinavyoruka, aongeze vinavyokaa. Akishafanya hivyo, ameunda harufu nyingine, hata kama jina kwenye chupa halikubadilika.

Acqua di Giò ya Giorgio Armani inalionyesha jambo hili vizuri. Ya kwanza ilitoka mwaka 1996, kazi ya Alberto Morillas, fundi wa manukato mzaliwa wa Hispania, ikichukua fikra zake kutoka kisiwa cha Pantelleria kilicho kati ya Sicily na Tunisia, ambako Armani alikuwa na nyumba. Ni harufu ya bahari: ndimu, bergamoti, uchumvi wa majimaji, na asumini kwa mbali. Mwaka 2015 Morillas huyohuyo akatoa toleo zito, Acqua di Giò Profumo. Bahari imo na bergamoti imo, lakini chini yake ameweka ubani na pachuli, na katikati rozmeri, seji na jeraniamu. Kwa dakika kumi za mwanzo mtu anaweza kudhani ni ileile ya zamani. Nusu saa ikipita, yale majimaji yanaanza kukauka na kuacha kitu kama jiwe la ufukweni lililoanikwa juani: chumvi, majani makavu, uchungu kidogo. Kisha unapanda ubani usio na moshi, wa baridi, wenye makali ya msonobari. Pachuli inaleta giza na udongo mbichi, na ubani unauzuia udongo huo usilemee. Hakuna vanila, hakuna utamu wa peremende ambao umejaa kwenye matoleo mazito ya miaka hii. Saa tano baadaye bahari imekwisha, na kilichobaki ni utomvu na mbao, karibu na ngozi, safi na tulivu. Naiona kuwa kazi bora kuliko mama yake, na sababu ni huo ubani. Mwaka 2023 ilifuatiwa na Acqua di Giò Parfum, katika chupa inayojazwa upya, juu ya msingi uleule wa ubani na pachuli. Hiyo ndiyo mnunuzi wa leo atakayoipata kwa urahisi. Ile ya 2015 imekuwa ya kuwindwa.

Nyumba ya Dior imepita njia nyingine. Dior Homme ya mwaka 2005 ilizaa Dior Homme Intense mwaka 2007, na uzito wake ulitoka kwenye mzizi wa airisi, ambao huhifadhiwa miaka kadhaa mpaka harufu yake ikomae. Ni unga laini, karibu na poda ya usoni. Sauvage, ya Dior pia, ilitoka mwaka 2015, na Elixir yake ya mwaka 2021 ikaegemea viungo na lavenda. Mtu aliyeipenda Elixir akidhani ataipenda Dior Homme Intense kwa kuwa zote ni nzito, atajuta.

Turudi kwenye utomvu, kwa kuwa hapo ndipo Oldonyiro ina neno la kusema. Nyika kavu za Isiolo, Samburu, Marsabit na Wajir ni makazi ya Boswellia neglecta, mti wa ubani wa Kenya, pamoja na miti ya jamii ya Commiphora inayotoa manemane na utomvu uitwao hagar. Huko Dhofar, Oman, wavunaji huchanja gamba la Boswellia sacra, kisha hurudi siku kadhaa baadaye kukusanya matone yaliyoganda. Kaskazini mwa Kenya kwa kawaida mti hauchanjwi. Utomvu hutoka wenyewe, mara nyingi pale wadudu walipotoboa gamba, na wachungaji na wanawake huubandua kwa mkono, hasa wakati wa kiangazi. Tone bichi hunata vidoleni. Likikauka huwa kipande chenye vumbi juu, cha manjano au cheusi kabisa, na ukikivunja kwa kucha hutoa kwanza harufu kali ya msonobari, kazi ya kemikali iitwayo alfa-pinini, inayopaa upesi. Harufu ya pili ya ubani, ile ya kina inayoganda kwenye nguo na kuta za kanisa la kale, iliwasumbua wataalamu kwa muda mrefu. Ni mwaka 2016 tu ambapo watafiti wa Nice, Ufaransa, walitangaza kwamba wamezitambua asidi mbili zinazoileta, ambazo zimo kwa kiasi kidogo mno ndani ya mafuta ya ubani. Ubani wa Isiolo na ule wa Dhofar hutoka kwenye miti tofauti na haunukii sawasawa, lakini mpango ni mmoja: makali yanayotangulia, na kina kinachobaki.

Kubaki kwa harufu ni jambo ambalo watu wa huku wanalielewa kwa kazi za kila siku. Kibuyu cha maziwa cha Kisamburu husafishwa kwa kaa la mzeituni mwitu, likizungushwa ndani mpaka kuta zishike moshi, na moshi huo huyalinda maziwa na kuyapa ladha. Mti huchaguliwa kwa sababu ya kile unachokiacha ndani ya kibuyu. Wanawake wa Kiborana hujifukiza kwa mbao na utomvu. Nyumba za Kisomali mjini Isiolo huchoma uvumba uitwao unsi jioni. Mwanamume aliyekulia katikati ya ujuzi huo ana pua iliyofunzwa vizuri kuliko anavyodhani anaposimama mbele ya kabati la vioo.

Watakuwapo watakaosema kwamba manukato mazito ni ya nchi za baridi, na kwamba kwenye joto la Oldonyiro yatamkaba koo aliyeyapaka na aliyekaa jirani naye kwenye matatu ya kwenda Isiolo. Pingamizi hili lina ukweli ndani yake. Joto huharakisha kupaa kwa kila kitu, na manukato yaliyojengwa juu ya vanila na sukari hugeuka kuwa uji mzito mchana. Lakini kosa hapo ni la utamu. Muscat ni joto, Lamu ni joto, Unguja na Mombasa ni joto, na huko kote udi, ubani na manemane vimekuwa manukato ya heshima kwa karne nyingi, vya harusi na vya sala. Utomvu ni mkavu na mchungu kidogo. Haugombani na jasho. Kinachouawa upesi na joto ni manukato mepesi ya ndimu, ambayo kwenye hewa kavu na ngozi iliyokauka huwa yamekwisha kabla ya chai ya saa nne. Dawa ya kuzidi ni kipimo: mpulizo mmoja kifuani chini ya shati, wa pili kama ni jioni, baada ya kupaka ngozi mafuta ya mgando yasiyo na harufu, kwa kuwa ngozi kavu haishiki manukato. Mtu akijipuliza Acqua di Giò Parfum mara sita, alaumiwe mkono wake.

Pingamizi la pili ni la pesa, na ni zito zaidi. Chupa halisi ya manukato haya Nairobi inazidi bei ya mbuzi wa kawaida mnadani, ilhali kipande cha ubani na kaa la moto ni shilingi chache. Kwa nini mtu ailipe Ulaya kwa utomvu unaopatikana nyikani kwao? Jibu la haki ni kwamba hivi ni vitu viwili. Chetezo kinatoa moshi, na moshi una harufu ya kuungua juu ya ile ya ubani. Ndani ya chupa mafuta yametolewa kwa mvuke au kwa kuyeyushwa, na ubani unabaki mbichi na wa baridi. Mwenye kupenda moshi hana sababu ya kununua chupa, na mwenye kupenda mafuta yasiyo na spiriti atayapata kwenye maduka ya mjini Isiolo kwa bei ya chini sana. Kwa anayetaka manukato ya chupa, hata hivyo, hesabu inalielekea toleo zito. La kawaida ni nafuu dukani, lakini linahitaji kurudiwa mara mbili au tatu kwa siku na chupa huisha mapema. Ninachokikubali bila ubishi ni kwamba robo saa ya kwanza ya ile ya mwaka 1996 ni nzuri zaidi, yenye mwanga ambao Profumo haina. Anayenunua kwa ajili ya hiyo robo saa abaki nayo.

Kipimo cha kinachobaki kinasaidia pia dhidi ya bidhaa bandia, ambazo zimejaa kwenye mabanda ya miji yetu. Mwanzo wa manukato ni rahisi kuigiza, kwa kuwa ndimu na harufu ya bahari ya kemikali ni vya bei rahisi. Mwigaji hubana matumizi kwenye msingi. Kwa hiyo mnunuzi apulize mara moja kwenye mkono, aondoke, afanye shughuli zake sokoni, anuse tena baada ya saa nne. Akikuta utomvu na mbao, arudi na pesa. Akikuta utamu mwembamba wa sabuni, au ngozi tupu, asirudi.

Lipo jambo moja linalouma katika biashara hii. Sehemu kubwa ya utomvu wa kaskazini mwa Kenya huuzwa ukiwa ghafi, kwa kilo, kupitia wafanyabiashara wa miji kama Isiolo na Wajir, na ukishavuka mpaka asili yake inapotea. Kwenye kisanduku cha manukato, orodha ya viambato huandika neno la jumla, parfum, na kuongeza majina ya kemikali zinazoweza kuwasha ngozi, kama limonini. Ubani wenyewe, hata unapotajwa kwenye matangazo, mara nyingi hutajwa bila nchi. Si kwamba haiwezekani. Dior hutangaza kwa fahari bergamoti ya Calabria iliyomo kwenye Sauvage, na Chanel, kwa toleo la Parfum la Bleu de Chanel la mwaka 2018, ilitaja msandali wa Kaledonia Mpya. Wakulima wa Calabria wanatajwa kwa tunda ambalo harufu yake haimalizi nusu saa mwilini. Aliyebandua utomvu unaodumu mpaka jioni, awe wa Dhofar, wa Somalia au wa nyika za Isiolo, anastahili nchi yake iandikwe kwenye kisanduku hichohicho, na bei ya kilo yake ipangwe na watu wanaojua kwamba utomvu huo ndio unaoibeba chupa nzima.