Umeme wa Nyeri na Moshi wa Kipevu

Mama wa Nyeri au Karatina anunuapo tokeni ya umeme hukatwa pia gharama ya mafuta. Mafuta ya nini, ilhali mito ya mlima wake ndiyo izungushayo mitambo? Sagana huwa Tana, na Tana hupita mabwawa ya Masinga, Kamburu, Gitaru, Kindaruma na Kiambere kabla ya kutufikia huku Kipini.

Jibu liko kwetu pwani. Mvua ikiadimika mlimani, mabwawa hupungua. Mvuke wa Olkaria husaidia sana, lakini mitambo ya Kipevu, Mombasa, nayo huchoma mafuta mazito kuziba pengo. Mwaka 2000, wakati wa ukame, pengo halikuzibika, na nchi ikaingia katika mgao. Mafuta hayo huja kwa meli, na bei yake hulipwa Nyeri na Likoni sawia.

Jirani zetu wa Tanzania wana gesi yao wenyewe. Tangu 2004 hupita bombani kutoka Songo Songo hadi Dar es Salaam. Kituo cha Kinyerezi II, chenye uwezo wa megawati 240, huichoma ikazungusha mtambo wa kwanza. Kisha joto la moshi huchemsha maji, na mvuke ukazungusha mwingine. Ndivyo afanyavyo mpishi hodari, asiyeacha makaa yapoe bure.

Mei 2021 serikali hizi mbili zilitia saini makubaliano ya kuifikisha gesi hiyo Mombasa. Bomba halijajengwa. Gesi nayo ina moshi wake, lakini kwetu sisi ni afadhali kuliko mafuta ya Kipevu, na mlipa tokeni ana haki ya kuuliza bomba hilo limekwama wapi.