Kisigino na Kiatu cha Kwendea Shamba



Msimu ukikaribia, kila mmoja wetu huangalia majamvi yake, magunia yake na kamba za kupandia. Mguu hauangaliwi na mtu mpaka siku utakapouma. Nao ukiuma kisiginoni katikati ya uchumaji hasara yake si ndogo, kwani karafuu haingoji; ikiachwa mtini hufunua ua, na mwisho wake huwa mpeta. Mwenye shamba anayechechemea hawezi kuwasimamia wachumaji asubuhi na kisha kuwahi uwanja wa kuanikia kabla ya mvua. Kwa hivyo tumeona yafaa kueleza habari ya kiatu cha mwendo mrefu, khasa kwa yule ambaye hutua kisigino kwanza.

Na ni nani huyo? Katika kutembea, ni karibu sisi sote. Apendaye kuhakikisha na aende pwani maji yakiwa yametoka, atembee juu ya mchanga ulioloa mwendo wake wa kila siku, kisha ageuke atazame nyayo zake. Ataona shimo la kisigino limezama, na nyuma yake mchanga umekatika kwa ukali. Wako watu ambao shimo lao ni kubwa kuliko la wenzao, maana hupiga hatua ndefu na kisigino hufika chini mbali mbele ya mwili. Hao ndio ambao hasa wanaambiwa maneno haya.

Siku hizi yako maneno ya mjini kwamba ati kutua kisigino ni kosa, na kwamba mtu ajifunze kutangulia kwa vidole. Maneno hayo yana asili yake. Mwaka 2010 Profesa Daniel Lieberman wa Chuo Kikuu cha Harvard na wenzake walitangaza kwamba wakimbiaji wa Kenya waliozoea kukimbia pekupeku aghalabu hutua sehemu ya mbele ya wayo, ilhali waliozoea viatu hutua kisigino. Lakini hiyo ni habari ya mbio. Tena mwaka 2013 wataalamu wengine waliwapima Wadaasanach wa kaskazini ya Kenya, ambao nao hawakuzoea viatu, wakaona kwamba wakikimbia kwa mwendo wao wa kawaida wengi wao hutua kisigino. Ama kutembea, jambo liko wazi zaidi. Katika mwaka huo huo wa 2010, watafiti wa Chuo Kikuu cha Utah, Marekani, walipima nguvu anazotumia mtu akitembea, wakakuta kwamba atembeaye kwa kuinua kisigino kidogo hutumia nguvu zaidi kwa asilimia 53 kuliko atuaye kisigino, na atembeaye juu ya ncha za vidole hutumia zaidi kwa asilimia 83. Basi asiambiwe mkulima aache mwendo aliozaliwa nao. Aambiwe akitafutie kisigino chake mahali pazuri pa kutua.

Chini ya mfupa wa kisigino Mungu ameweka mto wa mafuta, unene wake kama sentimita 2 hivi, uliogawika vijumba vidogo vidogo ili mafuta yasikimbilie pembeni unapoukanyaga. Kwa kijana mto huu huruka na kurudi kama mpira. Umri ukiendelea hupungua unyumbufu wake, na ndiyo sababu mzee hulalamikia sakafu ya saruji ambayo ujanani hakuiona kitu. Mbele ya mto huo, kutoka mfupa wa kisigino mpaka vidoleni, umepita ukano mpana unaoshikilia upinde wa wayo. Ukano huu ukichoshwa huuma pale unapojishika kwenye mfupa, na dalili yake ni kwamba hatua za kwanza asubuhi, mtu akishuka kitandani, ndizo zenye uchungu mkali. Akishatembea kidogo hupungua, na jioni huweza kurudi.

Sasa tufanye hesabu. Hatua ya mtu mzima ni kama sentimita 75. Shamba likiwa kilomita 3 kutoka nyumbani, kwenda na kurudi ni kilomita 6, yaani hatua 8,000, na kila kisigino kimegonga chini mara 4,000. Katika mwendo wa kawaida, kila hatua ardhi huusukuma mguu kwa nguvu ipatayo uzito wote wa mtu na kidogo zaidi. Mtu wa kilo 60 akibeba pakacha la kilo 20 kichwani, kisigino chake hakijui kwamba zile 20 si zake. Na haya ni ya tambarare. Sisi wa Pemba, ambao njia zetu ni kupanda na kuteremka, tunajua kwamba mteremko hukigonga kisigino kuliko mpando, maana mwili mzima huanguka mbele na kisigino ndicho breki.

Tukija kwenye kiatu chenyewe, pa kuanzia ni nyuma, si mbele. Wengi wetu dukani hubonyeza pua ya kiatu, tukatazama rangi, tukauliza bei. Mtuaji kisigino na akamate ukuta wa nyuma, ule unaozunguka kisigino, aubane kwa kidole gumba na cha shahada. Ukijikunja kama karatasi, kiatu hicho hakitaushika mguu. Kisigino kitakwenda upande huu na huu ndani yake, na ule mto wa mafuta utatandazika pembeni badala ya kukaa chini ya mfupa. Ukuta mgumu kiasi, wenye kitambaa laini ndani, huukusanya mto mahali pake.

Hapa inabidi tuseme juu ya desturi moja ya kwetu. Mwanamume akinunua viatu vya kufunika leo, baada ya wiki moja utamwona amevikanyaga nyuma na kuvigeuza ndara, kwa sababu huvua na kuvaa msikitini mara tano kwa siku na haoni haja ya kufungua gidamu kila mara. Ibada haina lawama, lakini kiatu kilichokanyagwa nyuma kimekwisha kazi yake kwa mtuaji kisigino, hata kama kilinunuliwa kwa bei ya ng'ombe. Ziko njia mbili. Ya kwanza ni kuweka viatu viwili, kimoja cha msikitini na cha mjini, kimoja cha mwendo. Ya pili, ambayo mwandishi huyu huiona bora kwa mwenye uwezo wa jozi moja tu, ni ndara ya ngozi yenye mkanda wa nyuma wa kufungia kwa bizimu, iliyoshonwa na fundi juu ya soli ya mpira. Hufunguka upesi, mguu hupata hewa, na kisigino hakikimbii.

Baada ya ukuta, itazamwe soli chini ya kisigino. Bonyeza kwa gumba kwa ndani: paingie kidogo na parudi upesi. Pasipoingia kabisa ni kama kutembea juu ya ubao. Pakiingia sana na kubaki na shimo, povu hilo litalala baada ya siku chache, na kabla halijalala mguu utakuwa ukiyumba juu yake kama mtu asimamaye katika ngalawa, jambo la hatari katika njia za mizizi. Kisigino kiinuke kidogo kuliko mbele, tuseme kama sentimita 1; mwenye maumivu ya kisigino aghalabu hupata nafuu hapo. Kikizidi sana, kama viatu vya harusini vya kina mama, uzito wote husukumwa vidoleni na mtu huondoa ugonjwa huku akautia kule.

Halafu itazamwe pembe ya nyuma kabisa ya soli, pale panapogusa chini kwanza. Iliyochongwa mviringo au mshazari hukipokea kisigino na kukiviringisha taratibu. Iliyokatwa wima hukibwaga mguu kwa kishindo. Na pawe na meno. Mtu anapoteleza, mara nyingi huteleza pale pale kisigino kinapogusa chini, mguu ukakimbia mbele na yeye akaenda chali. Kwa udongo wetu mwekundu wakati wa masika, meno ya soli yawe marefu na yaachane, ili matope yaanguke yenyewe. Meno yaliyosongamana hujaa udongo, na soli ikawa laini kama sahani.

Kukikunja kiatu ni jaribio la upesi: kikunjike pale vidole vinapoanzia, si katikati. Kinachokunjika katikati huuachia ukano wa wayo kazi yote. Kipimo chake kichukuliwe jioni, maana miguu huvimba kidogo kutwa, na vipimwe vyote viwili, kwani ni wachache wenye miguu miwili sawa; ununue kwa kipimo cha mkubwa. Mbele ya kidole kirefu pabaki nafasi ya upana wa wanda moja. Mtu akiteremka kilima cha Mkoani bila ya nafasi hiyo, kucha zitamweleza.

Ama viatu tulivyo navyo hivi sasa: kandambili ni za kwendea chooni na dukani. Hazishiki kisigino, na vidole hulazimika kuzikamata kila hatua ili zisitoke, ndiyo maana azivaaye kwa mwendo mrefu hufupisha hatua na kuchoka miundi. Makubadhi ni mazuri kwa heshima yake, lakini soli yake ni ngozi tupu na juu ya majani mabichi huteleza. Katambuga za matairi zinadumu kuliko mwenyewe, na mwiba haupiti, ila zina ugumu. Mwenye kuzipenda na amwambie fundi abandike kipande cha mpira laini chini ya kisigino, kazi ya dakika chache. Buti za mpira ni za matope na nyoka, si za kilomita 6. Raba za kufunga kwa gidamu, zenye kisigino kinene, ndizo zinazomfaa mtuaji kisigino kuliko zote, na kwa bahati ndizo zijazo kwa wingi katika mitumba.

Lakini mitumba ina mtego mmoja ambao watu wengi hawaujui. Iko aina ya soli itengenezwayo kwa povu liitwalo poliyurethani, ambalo huliwa na unyevu wa hewa polepole, hata kiatu kikiwa kimekaa ndani ya boksi hakijavaliwa. Kwa nje utakiona kipya, kinang'aa. Ukienda nacho shamba, soli hukatika vipande vipande kama mkate wa jana. Visiwani kwetu, ambapo hewa ni ya joto na maji, jambo hili huja upesi. Kabla ya kulipa, ikunje soli kwa nguvu na utazame ubavuni: ukiona nyufa ndogo ndogo, au ukiukwangua kwa ukucha ukatoka unga au ute wa kunata, kiache hapo hapo.

Kiatu cha zamani nacho kisitupwe kabla ya kusomwa. Kiweke juu ya meza ukitazame kwa nyuma. Soli ikiwa imelika kidogo pembeni kwa nje ya kisigino, ni kawaida, maana ndipo watu wengi wanapogusa kwanza. Ikiwa imelika sana upande wa ndani na ukuta umelalia huko, mguu wako huanguka ndani na unahitaji kiatu kigumu zaidi upande huo. Kisigino kilicholika kikawa mshazari huupindua mguu kila hatua, basi kipelekwe kwa fundi akitie kisigino kipya mapema. Watengenezaji wa viatu vya mbio hutaja kilomita 500 hadi 800 kuwa umri wa povu lao. Kwa yule mwenzetu wa kilomita 6 kwa siku, siku sita kwa wiki, hiyo ni wiki 14 hadi 22, hata kama juu bado kinapendeza.

Wako watakaosema kwamba wazee walikwenda pekupeku na hawakuumwa. Ni kweli kwamba sugu ni kiatu kizuri. Mwaka 2019 watafiti waliopima watu wa Kenya na wa Marekani walikuta kwamba sugu nene haimpotezei mtu hisi ya wayo anapotembea. Na mchumaji apandapo mkarafuu hana budi kuvua, kwani mguu mtupu hushika tawi kuliko soli yoyote. Tunayemwomba asiende pekupeku kabisa ni mwenye maradhi ya kisukari. Maradhi hayo huweza kuua hisi za miguu, mtu akakanyaga mwiba au kikonyo kikavu asijue, na jeraha la kisigino likaoza kabla halijaonekana. Huyo na avae kiatu cha kufunika, akikung'ute kabla ya kuingiza mguu, na kila usiku atazame nyayo zake kwa kioo au atazamiwe na mtoto.

Maumivu ya kisigino yasiyopungua baada ya wiki chache za kiatu kizuri na kupumzika, au yanayouma hata usiku umelala, au yenye ganzi, yapelekwe hospitali.

Viatu vilivyoloa visianikwe juani pamoja na karafuu, wala visiwekwe kando ya jiko, kwani moto hulegeza gundi na kukausha ngozi. Vijazwe karatasi, vilazwe ubavu kivulini penye upepo, na karatasi zibadilishwe asubuhi.