Gicaandi: Kibuyu, Alama na Sauti ya Pili

Katika fasihi simulizi ya Wakikuyu wa Nyeri na wa miji mingine iliyo kandokando ya Mlima Kenya, ni ala chache zilizovikwa maajabu kama gicaandi. Gicaandi ni kibuyu kikavu kilichotiwa mbegu ndani kikazibwa, kikachorwa alama nyingi juu ya gamba lake, na pengine kikapambwa kwa kauri, bidhaa iliyopanda bara kutoka mwambao. Mwimbaji hukitikisa huku akiimba mafumbo. Kwa sababu ya alama hizo na ugumu wa mafumbo yenyewe, wako wanaokiita kibuyu cha uganga, na wako wanaokiita kitabu cha kale kilichosahauliwa. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba majina yote mawili yanaipotosha sanaa hii, na kwamba upotofu huo umeathiri namna inavyohifadhiwa.

Yafaa kwanza kutenga vibuyu viwili. Mganga wa Kikuyu, yaani mundu mugo, alikuwa na kibuyu chake kiitwacho mwano. Alikitikisa, akamwaga mbegu zilizomo, akazihesabu ili kupata kisa cha ugonjwa au msiba. Mbegu za mwano hutoka nje ili zisomwe. Mbegu za gicaandi hubaki ndani ili zilie. Mwano huulizwa na mwenye shida, naye mganga hujibu. Gicaandi haijibu lolote. Anayejibu ni mtu, tena mtu wa pili.

Hapa ndipo penye kiini cha jambo. Gicaandi ya asili haikuwa sanaa ya mtu mmoja. Waimbaji wawili walikutana hadharani, kila mmoja na kibuyu chake, wakapokezana beti. Mmoja alifumba, mwenzake akafumbua na kufumba lake. Aliyeshindwa kufumbua alinyang'anywa kibuyu. Msomaji wa Kiswahili hatashangazwa na utaratibu huu. Mtegaji wa kitendawili hudai apewe mji pale wasikilizaji wanaposhindwa, na katika ngoma ya gungu ya mwambao washairi walifungiana mafumbo ili wengine wayafungue. Lakini mji wa kitendawili ni mji wa maneno tu. Anayeutoa hulala nyumbani kwake usiku uleule. Mwimbaji wa gicaandi alipoteza ala yenyewe, na pamoja nayo uwezo wa kusimama tena mbele za watu. Ukali wa mafumbo yale watokana na hasara hiyo.

Je, alama zilizochorwa ni maandishi? Swali hili huulizwa kwa shauku, kwa kuwa Mwafrika aliambiwa kwa muda mrefu kwamba hakuandika. Alama za gicaandi zilimkumbusha mwimbaji mfuatano wa mafumbo. Hazikuandika sauti za lugha, na asiyefundishwa beti hawezi kuzipata kwa kuyatazama machoro peke yake. Kusema hivyo si kuishusha hadhi ya gicaandi. Heshima ya lugha haitegemei kuwapo kwa hati, na kumbukumbu inayoweza kubeba shairi refu la mafumbo haihitaji kuombewa cheo cha maandishi ili ihesabiwe kuwa elimu.

Uhifadhi wa sanaa hii umefungamana na Nyeri. Wamisionari Wakatoliki wa Consolata, waliofika Kenya mwaka 1902 kutoka Italia, walijenga huko kituo chao kikuu na kiwanda cha uchapaji, ambacho mwaka 1933 kilichapa kitabu cha C. Cagnolo juu ya Wakikuyu. Mmoja wa shirika hilo, Vittorio Merlo Pick, alikusanya vitendawili na gicaandi, na kazi yake ikatolewa Bologna mwaka 1973. Ruth Finnegan naye, katika kitabu chake cha 1970 juu ya fasihi simulizi ya Afrika, aliitaja gicaandi kuwa shairi la mafumbo liimbwalo na wawili, lililonakiliwa kwa beti 127. Wasomi wana deni kwa wakusanyaji hao. Hata hivyo, beti zilizopangwa kwa nambari humfanya msomaji aone shairi moja lililokamilika, mahali ambapo palikuwa na mashindano yasiyojulikana mwisho wake. Kimani Njogu, katika makala yake ya 1997, alisisitiza wingi wa sauti katika utanzu huu, na kwa kufanya hivyo alimrudisha mwimbaji wa pili uwanjani.

Ngugi wa Thiong'o naye aliitumia sanaa hii katika riwaya aliyoiandika gerezani Kamiti mwaka 1978. Riwaya hiyo ilitoka kwa Kikuyu mwaka 1980, na ikafasiriwa kwa Kiswahili kwa jina la Shetani Msalabani. Msimulizi wake ni mwimbaji wa gicaandi, naye yuko peke yake. Yaelekea kwamba nafasi ya mpinzani ameachiwa msomaji: yeye ndiye atakiwaye kufumbua, na akishindwa hasara ni yake.

Kibuyu kilichowekwa ndani ya kabati la kioo hakina mpinzani, na ukanda ulionasa sauti ya mzee mmoja umenasa nusu ya sanaa. Idara za lugha zinazotuma wanafunzi Othaya, Karatina au Murang'a kurekodi tungo za jadi hazina budi kutafuta wazee wawili, si mmoja, kuwaketisha pamoja, na kunakili pia kusitasita, kukosea na kushindwa kwao. Uchawi wa gicaandi, kama neno hilo lafaa kutumiwa, haumo katika mbegu wala katika machoro. Umo katika kile kitambo kifupi cha kimya, baada ya fumbo kutolewa na kabla ya jibu kupatikana, ambapo mwenye kibuyu bado hajui kama atarudi nacho nyumbani.