Kabla ya pembe, sandarusi

Nchi ya Wazaramo, kuanzia Pugu hadi Kurui na Maneromango, leo tunaijua kwa mikorosho, mihogo na mkaa. Karne ya 19 Unguja iliijua kwa sandarusi. Nisingelikumbuka hilo lau si Tippu Tip, yaani Hamed bin Muhammed el-Murjebi. Katika masimulizi ya maisha yake, kabla ya pembe, kabla ya watumwa, anasema alianza biashara na umri wa miaka 12, akifuatana na nduguye na wajomba zake, akiuza sandarusi. Walimpa mzigo mdogo kwa kuwa alikuwa mtoto.

Mzigo huo mdogo umenikaa kichwani.

Sandarusi njema haikugemwa mtini. Utomvu wa msandarusi ulidondoka zama na zama, mti ukafa, ukaoza, msitu wenyewe ukatoweka, na utomvu ukabaki chini ukigeuka jiwe la rangi ya asali. Mchimbaji hakuwa na alama ya kumwongoza. Alijaribu hapa, akajaribu pale, katika udongo mwekundu wa kichanga, na alichopata kilikuwa punje au bonge lililogandwa na mchanga. Likisafishwa, ngozi yake huwa na vipelevipele kama ya bata aliyenyonyolewa. Hapo mnunuzi hutabasamu. Ile changa ya mtini, chakazi, bei yake ilikuwa ya kusikitisha. Iliyo bora ilivuka bahari hadi Salem, Marekani, ikawa vanishi ya samani na magari ya farasi ya watu wenye nafasi. Meli hizohizo zilileta merikani, na Mzaramo akalipwa kwa kitambaa hicho. Doti ngapi kwa frasila? Na nani aliyeshika mizani?

Mengine ya Hamed yanajulikana: kumshinda chifu Nsama mwaka 1867, kukutana na Livingstone, mikopo ya Tharia Topan, tajiri wa Kihindi wa Unguja. Siasa aliiingilia Utetera, katika Kongo ya leo, kwa mlango wa ukoo. Alisikia kwamba zamani mabinti wa ukoo wa mtawala walitekwa, naye akadai bibi yake ni mmoja wao. Mzee Kasongo Rushie akamwachia utawala. Hamed anayasimulia hayo bila haya, kama mtu anayeeleza alivyopata bei nzuri sokoni.

Kisha Wazungu wakaja na bendera. Anasema Sultani Barghash alimwambia waziwazi kwamba bara haitaki tena, maana hata Unguja yenyewe inanyemelewa. Hamed akaelewa kuwa mambo yamekwisha. Februari 1887 akatia saini mbele ya Stanley: awe liwali wa Mfalme Leopold wa Ubelgiji huko Stanley Falls, Kisangani ya leo, kwa pauni 30 kwa mwezi. Mwenye pembe za maelfu ya pauni, mshahara wa karani! Alikuwa akinunua muda, au akiuza nchi isiyokuwa yake?

Mwaka 1890 aliondoka huko kuja pwani, Stanley akiwa amemshitaki kwa kuvunja mkataba. Nyuma yake vita na Wabelgiji vikamla mwanawe, Sefu. Mwenyewe alifariki Unguja mwaka 1905. Mikataba, madeni na hesabu za pembe anazieleza kwa kirefu. Waliozibeba pembe hizo, wengi wao hawana hata jina.