Jina la Kununua
Masomo: 2 Samweli 15:1-6, 18:17-18, Marko 12:41-44



Sote tunasikia miziki ya Kinshasa mitaani mwetu. Katikati ya wimbo mwimbaji anaita majina: mfanyabiashara fulani, mkubwa fulani wa serikali, ndugu fulani wa Ulaya. Jambo hilo huitwa libanga, yaani "jiwe" kwa Kilingala. Mara nyingi jiwe hilo limelipiwa, kwa dola, kwa gari au kwa tikiti ya ndege. Kwa kuwa kazi yake inanakiliwa sokoni bila yeye kupata kitu, mwimbaji anauza sifa.

Jina likirudiwa katika kila baa na kila arusi, watu wanaanza kumheshimu mtu wasiyemjua. Hakuna anayeuliza amefanya nini. Kusikika tu kunatosha.

Absalomu aliijua njia hiyo zamani. Alijiwekea gari na farasi, na watu 50 wa kupiga mbio mbele yake. Hao 50 ndio waliokuwa libanga lake. Kila asubuhi alisimama kando ya njia ya lango, akawabusu wenye mashitaka na kusema kwamba angekuwa mwamuzi wangepata haki. Andiko halituonyeshi kesi hata moja aliyoiamua. Lakini mioyo ya Israeli ilimfuata, na vita ikaja. Alikuwa amejisimamishia nguzo ili jina lake likumbukwe. Mwisho alitupwa katika shimo msituni, chini ya rundo la mawe.

Tuangalie basi nyumbani mwa Bwana. Tunapochanga kwa ajili ya mabati, aliyetoa dola 100 anatajwa mara tatu kwenye mikro, watu wanapiga makofi. Mama mjane aliyeleta franka 500 anainamisha kichwa. Yesu alikaa kuelekea sanduku la sadaka akaziona senti mbili za mjane, wala hakuna aliyemtangazia.

Tutangaze jumla ya mchango, majina tumwachie Mungu. Na mtu akija kwetu na sifa kubwa, awe mwanasiasa au mhubiri, tuwaulize kwanza wafanyakazi wake na majirani zake: analipa mishahara? Anatimiza neno lake?

Tufurahi kwa kuwa majina yetu yameandikwa mbinguni (Luka 10:20). Huko hakuna anayelipia.