Sauti Inayolea Kizazi: Muziki na Redio katika Mizani ya Fiqhi na Historia

Sifa zote njema anastahiki Allah (S.W.), Mola wa viumbe wote. Rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), ahli zake na sahaba zake wote. Ama baada ya hayo.

Ndugu msomaji, mkalishe kijana wa Kiislamu wa miaka kumi na minne, umwombe akusomee Suratul Mulk kwa moyo. Kisha mwombe akuimbie nyimbo tatu zinazovuma wiki hii. Wengi wetu tunaijua natija kabla ya kufanya jaribio hilo. Sura ina aya thelathini, na ameisomea chuoni kwa miezi kadhaa. Nyimbo hakusomeshwa na mtu, hakuchapwa kwa ajili yake, wala hakuambiwa kuwa atafanyiwa mtihani. Basi zimeingiaje kichwani mwake?

Tumezoea kusema kuwa mtoto ana walezi wawili, nyumba na chuo. Kwa muda wa karibu miaka mia sasa ameongezeka mlezi wa tatu, nayo ni sauti itokayo kwenye chombo. Katika makala hii tutatazama wanavyuoni wamesemaje juu ya sauti hiyo, Waislamu waliipokea vipi ilipoingia miji yao, na imam wa leo ana nini cha kufanya nayo.

KAULI ZA WANAVYUONI KWA UFUPI

Khilafu ya muziki ni ya zamani, wala hatuna nia ya kuimaliza hapa. Wanaoharamisha hushika tafsiri ya Ibn Mas'ud (R.A.) juu ya aya ya 6 ya Surat Luqman, ambayo aliifasiri kuwa ni nyimbo, pamoja na hadithi ya ala za muziki iliyomo katika Sahihi ya Bukhari. Ibn Hazm aliitia dosari sanadi ya hadithi hiyo, akaona kuwa jambo hili limebaki kwenye uhalali wake wa asili. Wengi wa maimamu wa hadithi hawakukubaliana naye. Upande mwingine kuna hadithi sahihi ya wasichana wawili walioimba nyumbani kwa Bibi Aisha (R.A.) siku ya Idi. Sayyidna Abubakar (R.A.) aliwakemea, na Mtume (S.A.W.) akamtaka awaache kwa kuwa siku ile ilikuwa Idi.

Katika madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo ya watu wengi wa pwani yetu, Imam Nawawi ameeleza katika Minhaj kuwa kuimba bila ya ala ni makuruhu, ala zilizo alama ya walevi ni haramu, na dufu linajuzu katika harusi na tohara.

Kauli tunayotaka kukaa nayo zaidi ni ya Imam Ghazali. Katika Ihyaa ameandika kitabu kizima juu ya usikilizaji. Anaona kuwa sauti nzuri yenyewe si haramu, bali huharamishwa na mambo yanayoizunguka, naye ameyataja matano. La kwanza ni mwimbaji anayehofiwa fitina. La pili ni ala, na hapo amezikataza zile za walevi. La tatu ni maneno machafu. La nne ni hali ya msikilizaji ambaye matamanio yamemtawala. La tano ni mazoea, yaani mtu kulifanya jambo la mubaha kuwa ndiyo ada yake na kulitolea wakati wake wote. Dogo likidumishwa huwa kubwa.

Aliyasema hayo zaidi ya miaka mia nane kabla ya redio. Tunapobishana juu ya wimbo mmoja, una ala au hauna, tunazungumzia jambo la pili na la tatu. Redio na simu nguvu yake iko katika lile la tano.

CAIRO, MWAKA 1934

Misri ndiko Waislamu walikokutana na jambo hili mapema na kwa ukubwa. Katika miaka ya 1920 Cairo ilikuwa na vituo vidogo vya redio vya watu binafsi, vilivyojaa matangazo ya biashara, nyimbo na matusi ya mshindani kwa mshindani. Mwaka 1934 serikali ikavifunga, ikafungua redio moja ya taifa tarehe 31 Mei.

Sauti ya ufunguzi ilitakiwa iwe ya Qur'ani. Aliyeitwa ni Sheikh Muhammad Rif'at (1882–1950), msomaji asiyeona, aliyependwa mno na watu wa Cairo. Sheikh alisita. Aliogopa kuwa Maneno ya Allah yatasikika mikahawani na mahali pasipo na heshima. Imepokewa kuwa hakukubali ila baada ya kuuliza fatwa kwa Sheikh wa Al-Azhar wa wakati huo, Muhammad al-Ahmadi al-Zawahiri, naye akamruhusu. Hivyo redio ya Misri ikafunguliwa kwa usomaji wa Suratul Fat-h.

Hofu ya Sheikh Rif'at ilikuwa ya haki, na hata leo tunasikia Qur'ani ikisomwa madukani huku watu wakipigiana kelele za bei. Lakini tujiulize ingekuwaje kama angekataa. Chombo kisingefungwa kwa sababu yake, bali kingefunguliwa kwa sauti nyingine.

Redio hiyo hiyo ndiyo iliyomfikisha Umm Kulthum kila nyumba. Kwa miongo kadhaa tamasha lake la Alkhamisi ya kwanza ya mwezi lilirushwa moja kwa moja, na watu wa nchi nyingi za Kiarabu wakapanga usiku wao kwa ajili yake. Mama huyu alikuwa binti wa imam wa kijiji. Alisoma Qur'ani chuoni utotoni, na alianza kwa kuimba kasida za dini pamoja na baba yake. Wajuzi wa fani yake husema kuwa ule utamkaji wake wa herufi, uliowafanya wasikilizaji waelewe kila neno, aliupata kwenye kusomeshwa Qur'ani. Basi muziki ulioteka nyoyo za Waarabu ulichota kwenye kisima cha chuo. Walimu wetu wana kitu ambacho wanamuziki wanakihitaji, na sisi wenyewe tumekidharau.

Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Misri ilionekana misahafu iliyochapwa na makosa ya kupotosha. Jawabu la wanavyuoni halikuwa kukemea tu. Mwaka 1961 ilitolewa Qur'ani nzima kwa sauti ya Sheikh Mahmoud Khalil al-Husary, na tarehe 25 Machi 1964 ikafunguliwa idhaa maalumu ya Qur'ani Tukufu. Tangu hapo mwanamke aliye jikoni na dereva aliye njiani wakaweza kusikia tajwidi sahihi mchana kutwa. Sauti ya makosa ilijibiwa kwa sauti ya sawa, tena iliyodumu.

PWANI YETU

Kwetu sauti iliwalea watu kabla ya umeme. Mama zetu walijifunza adabu kwa Utendi wa Mwana Kupona wa mwaka 1858, uliosomwa kwa mahadhi na kuhifadhiwa hata na wasiojua kuandika. Kule Lamu, Habib Saleh (aliyefariki mwaka 1935) alileta Maulidi ya Habshi kutoka Hadhramaut, yakasomwa kwa dufu katika Msikiti wa Riyadha. Wako wanavyuoni waliompinga kwa kupiga dufu msikitini, na mjadala huo haujesha. Lakini wanaokubali na wanaopinga wote wanakiri jambo moja: aliwafikia watu wanyonge na watoto wa watumwa, ambao darasa za wakubwa hazikuwafikia.

Unguja, taarabu iliingia kwenye kasri la Sultani Barghash (1870–1888) kutoka Misri, ikaimbwa kwa Kiarabu. Aliyeitoa kasrini na kuifikisha mitaani kwa Kiswahili ni Siti binti Saad, aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi santuri. Santuri zile zilifanya ambalo hakuna mwimbaji aliyewahi kulifanya: sauti ya mtu mmoja ilisikika Lamu, Mombasa na bara siku moja bila ya yeye kuwapo.

Kisha ikaja redio. Kuanzia mwaka 1954 Redio Cairo ilitangaza kwa Kiswahili, na siasa ya ukombozi ikaingia majumbani. Kituo cha Dar es Salaam kilianza mwaka 1951, na baada ya uhuru kikawa Redio Tanzania. Zama hizo redio ilikuwa ya serikali, saa za matangazo zilikuwa chache, na nyumba nzima ilisikiliza chombo kimoja. Baba akiwa barazani alijua mwanawe anasikia nini, kwa sababu naye alikuwa anakisikia.

Hali hiyo ilibadilika Tanzania kwa sheria ya utangazaji ya mwaka 1993. Mwaka uliofuata vilianza vituo vya watu binafsi vya redio na televisheni. Vijana waliokuwa wakiiga rapu ya Marekani wakaanza kuimba kwa Kiswahili, na redio za FM zikawapa jina na wasikilizaji. Hivyo ndivyo ilivyokua Bongo Fleva. Tuwe waadilifu: katika nyimbo hizo zimo zilizolaumu rushwa na zilizoonya juu ya ukimwi. Lakini chombo sasa kililishwa na biashara. Kinachouzika ndicho kinachorudiwa, na mara nyingi kinachouzika ni tamaa.

Leo hata hiyo redio ya nyumba nzima haipo. Kila mtoto ana simu yake na visikizio masikioni. Baba yuko sebuleni, mwana yuko sebuleni, na hakuna anayejua mwenziwe anasikia nini.

SAUTI HULEA KWA NJIA GANI?

Kwanza, kwa kurudia. Mwalimu wa chuo husomesha aya kwa kuirudia mpaka ikae. Redio hufanya vivyo hivyo kwa wimbo, bila ya kumchosha mtoto.

Pili, kwa kupanga wakati. Muislamu hupanga siku yake kwa sala tano. Kituo nacho kina kipindi cha alfajiri, cha mchana, cha jioni na cha usiku. Kijana anayejua kipindi fulani kinaanza saa ngapi, wala hajui Alasiri inaingia saa ngapi, amekwisha hama kalenda.

Tatu, kwa kuondoa haya. Neno lililoweza kumfanya mtu ainamishe kichwa mbele ya mama yake, likiimbwa mara mia kwa sauti tamu huzoeleka. Mtoto wa miaka sita hulitamka, na watu wazima hucheka. Hakuna aliyekaa akaamua kuwa haya iondoke. Imeondoka kwa mazoea, lile jambo la tano la Imam Ghazali.

MASUALA AMBAYO MAIMAMU HUULIZWA

Je, mtu akisikia aya ya sijda redioni asujudu? Mafakihi wa zamani walijadili jambo lililo karibu na hili, yaani mwangwi na ndege aliyefundishwa kutamka, na walioulizwa wakasema sijda haimlazimu msikilizaji kwa sauti hizo. Baadhi ya wanavyuoni wa sasa wamelipima rekodi kwa mwangwi. Ama usomaji unaorushwa papo hapo, wako walioutofautisha, kwa kuwa nyuma yake yupo msomaji aliyekusudia kusoma.

Je, inasihi kusali Ijumaa nyumbani kwa kumfuata imam wa redioni? Sheikh Ahmad bin Siddiq al-Ghumari wa Morocco aliandika risala ya kujuzisha. Jamhuri ya wanavyuoni hawakukubali, kwa kuwa jamaa ni kukusanyika mahali. Suala hili lilirudi kwa nguvu mwaka 2020 misikiti ilipofungwa kwa korona, na kauli ya wengi ikabaki ile ile: mwenye udhuru asali Adhuhuri kwake.

Tunayataja haya ili ionekane kuwa fiqhi ina mipaka ya wazi. Chombo kinafikisha ilimu na mawaidha, lakini hakichukui nafasi ya safu wala ya mwalimu aliyekaa mbele ya mwanafunzi.

TUFANYE NINI?

Makemeo ya mimbari peke yake hayatoshi. Tukimwambia kijana azime, tumeacha kimya, na kimya hakikai kitupu. Kinachofuata ni kumpa cha kusikia.

Imam na aanze kwa kujua vijana wake wanasikiliza nini. Huwezi kutoa fatwa juu ya kitu usichokijua, na kijana akigundua kuwa sheikh analaani asichokisikia, hatamsikiliza tena hata katika jambo la sala.

Chuo na kirudishe mahadhi. Babu zetu walisomesha nguzo za dini kwa tenzi. Mtoto mwenye sauti nzuri apewe adhana, apewe kasida yenye maana, asomeshwe tajwidi kwa heshima. Tusipomtafutia mahali msikitini, atatafutiwa mahali kwingine, na huko atapigiwa makofi.

Redio za Kiislamu tulizonazo Afrika Mashariki ni neema, na zinahitaji msaada wa mali na wa watu. Lakini kipindi kibaya hakiwi kizuri kwa kuwa cha dini. Mawaidha ya saa nzima ya kukaripia, yaliyorekodiwa kwa sauti ya mkwaruzo, hayashindani na wimbo uliopangwa kwa ustadi. Sheikh Abdul-Hamid Kishk wa Misri (1933–1996), naye hakuwa akiona, hakuwa na kituo cha redio. Alikuwa na mimbari na kanda, na kanda zake zilisikilizwa kwenye teksi na maduka ya nchi nyingi, kwa sababu alijua kusema na watu kwa lugha yao, akawachekesha na kuwaliza.

Wazazi nao, nyumba na iwe na saa moja ambayo wote wanasikia kitu kimoja. Baada ya Magharibi panafaa. Mtoto atakayekua akiisikia sauti ya baba yake ikisoma, hata kama tajwidi ya baba ina kasoro, ana kitu ambacho hakuna kituo kitakachompa.

Sheikh Rif'at alisita mbele ya kipaza sauti, akauliza, kisha akasoma. Kusita kwake kulikuwa ni ucha Mungu, kuuliza kwake kulikuwa ni ilimu, na kusoma kwake ndiko kulikowafaa watu. Wengi wetu leo tumesimama pale pa kusita, na watoto wetu wanaendelea kusikiliza.

Tunamuomba Allah (S.W.) ayalinde masikio yetu na ya vizazi vyetu, na atujaalie tuwe miongoni mwa wanaosikia lililo jema na kulifuata. Amin.

Wabillahi tawfiq.